Mama Mwavuli, Mtembeza Wageni wa Mji wa Kale

Kishindo kimoja kilisikika usiku wa kuamkia Jumapili, tarehe 9 Machi 1958, jiwe liling'oka kwenye ukuta mkongwe wa mji na kuanguka barabarani, mkunga akashtuka, taa ikayumba mkononi mwake, na katika chumba cha juu, nyuma ya duka la fundi viatu, mtoto wa kwanza wa fundi huyo na mkewe akalia kwa mara ya kwanza, naye baba yake, aliyekuwa amesimama ngazini akiuma kucha, akasema ukuta umejisogeza kidogo ili binti yake apate pa kupita. Ndugu waombolezaji, huyo ndiye mama yetu, na mimi, kitinda mimba wake, nimetumwa na familia niwasomee maisha yake, tangu usiku ule hadi alasiri ya juzi.

Marehemu alisoma shule ya msingi iliyoko ndani ya kuta za mji, kuanzia Januari 1965 hadi Novemba 1971, katika jengo ambalo zamani lilikuwa ghala la chumvi, ambamo madaftari yalilowana pembeni hata wakati wa kiangazi, kisha akajiunga na sekondari ya wasichana nje ya lango la juu, 1972 hadi 1975, akafaulu vizuri historia na vibaya hesabu, na baba yake alipomuuliza sababu, alijibu kwamba hesabu haina watu ndani yake. Alitamani kwenda chuo cha ualimu, lakini mama yake alifariki dunia Desemba mwaka huo, na nyumbani alibaki mdogo wake wa pekee, mjomba wetu, aliyezaliwa tarehe 2 Juni 1964, mtoto wa miaka kumi na mmoja aliyehitaji mtu wa kumpikia, kumfulia na kumkemea, kazi ambazo marehemu alizifanya zote tatu, na ile ya tatu kwa bidii zaidi.

Tarehe 1 Machi 1976 aliajiriwa kwenye makumbusho madogo yaliyo kando ya lango la chini, kufuta vumbi na kukata tiketi, na kwa kuwa dirisha lake lilitazama mahali waongozaji walipoanzia matembezi, alisikia habari za mji wake zikisimuliwa kila asubuhi kwa namna mpya, mnara mmoja ukijengwa na wafalme watatu, kila mfalme akiujenga peke yake. Aprili 1980 mwongozaji mmoja aliugua ghafla, kundi lake likabaki limesimama juani likitazamana, ndipo marehemu alipofunga dirisha, akachukua mwavuli wa njano uliosahauliwa na mgeni fulani, akauinua juu, maana alikuwa mfupi na bila hivyo asingeonekana, akawaambia, "Nifuateni, na mkipotea, tazameni juu." Hakurudi tena dirishani, na watu wakaanza kumwita Mama Mwavuli kabla hajawa mama wa mtu yeyote.

Alitembeza wageni kwa miaka arobaini na miwili, na wengi mlioko hapa mnazijua kanuni zake, kwamba hakusema huku akitembea, kwa sababu mgeni hawezi kutazama ngazi na paa kwa wakati mmoja, kwamba alisimama yeye upande wa jua ili wageni wapate kivuli, na kwamba jambo asilolijua alisema silijui, akaenda kulitafuta, akarudi nalo hata kama mgeni aliyeuliza alikwishapanda ndege kitambo. Alipenda mji ule kama mtu anavyompenda jamaa mzee mwenye maneno mengi, kwa uvumilivu na kwa kicheko, alijua ni kuta zipi hutoa joto jioni, ni kona ipi upepo hukusanya majani, na ni mwenye nyumba gani atatoka kugomba wageni wakiegemea mlango wake.

Ni mlango ndio uliompa mume. Mwaka 1982 baba yetu, fundi seremala, alikuwa akitengeneza mlango mkubwa wa nakshi katika mtaa wa wafinyanzi, na kila asubuhi marehemu alisimama hapo na wageni wake, akaeleza maua yale maana yake nini na misumari ile ya shaba ilitoka wapi, mpaka siku moja alipokohoa katikati ya sentensi, na fundi, bila kuinua uso wala kuacha randa, akaimalizia sentensi hiyo neno kwa neno. Wageni walipiga makofi, marehemu akamuuliza kama naye ni mwongozaji, akajibu, "Hapana dada, mimi ni fundi tu, ila kazi hii ingekwisha mwezi uliopita." Walifunga ndoa siku ya Jumamosi, tarehe 20 Agosti 1983, na mlango ule, baba mwenyewe anakiri, hadi leo unakwama kidogo. Mungu aliwajalia watoto watatu, kaka yetu mkubwa mwaka 1985, dada yetu mwaka 1988, na mimi mwaka 1997, nilipokuja wakati vitanda vya watoto vimekwishagawiwa kwa majirani.

Mjomba aliingia katika kazi hii Januari 1989, akifundishwa na marehemu, akitembea nyuma ya kundi lake na kubeba maji ya wageni, na alipopewa kundi lake mwenyewe, ilikuwa wazi kwa kila mtu kwamba kipaji chake ni kingine, dada mtu alikuwa na ukweli, kaka mtu alikuwa na utamu, wageni wake walicheka tangu lango la chini hadi la juu, na marehemu alikuwa akisema kwa fahari, na kwa wasiwasi kidogo, kwamba mdogo wake akikueleza habari za nyumba yako mwenyewe, utatamani kwenda kuiona.

Sasa nafika mahali ambapo baadhi ya jamaa waliniomba nipite haraka, lakini mjomba mwenyewe, ambaye amekaa hapa mstari wa mbele, aliposikia hivyo jana alisema, "Soma yote, wageni hawampendi mwongozaji anayeruka kituo."

Siku ya Jumanne, tarehe 12 Julai 2011, mjomba alikuwa na kundi kubwa chini ya lango la juu, akiwaonyesha tundu lililo juu ya mlango, akiwaeleza jinsi walinzi walivyomwaga hapo mafuta ya moto, adui akakaangika kama samaki, naye marehemu akapita na wageni wake, akasema kwa sauti, kwa mazoea ya mtu aliyewahi kumfunga kamba za viatu, "Mdogo wangu, hilo ni la kutolea maji ya mvua, usitukaangie watu bure." Makundi yote mawili yalicheka, na kama kicheko kingeishia hapo tusingekuwa na la kusimulia, lakini wageni wa mjomba wakaanza kuhama, mmoja, wawili, kisha familia nzima, wakaenda kusimama chini ya mwavuli wa njano, na mjomba akabaki na mzee mmoja tu, ambaye alikuwa hasikii vizuri. Jioni, kwenye benchi ambapo waongozaji huvua viatu, mjomba alimwambia mbele ya wenzao wote, "Kuanzia leo nina wafanyakazi wenzangu, dada sina."

Akalishika neno lake kwa zaidi ya miaka kumi na miwili. Hakuwa mkorofi, tunataka ieleweke, marehemu alipokwenda kwake kuomba radhi alipewa kiti kizuri na chai ya moto, akaitwa mama mwongozaji, akasindikizwa hadi mlangoni kama mgeni wa serikali, na hilo ndilo lililomuuma, kwa sababu mtu anayekutukana unaweza kumjibu, lakini anayekukaribisha hivyo utamjibu nini. Harusini na misibani mjomba alisalimu chumba kizima kwa wingi, "Hamjambo humu ndani?", ili asilazimike kumwamkia mtu mmoja. Baba alimwambia marehemu kwamba maji yakimwagika hayazoleki, naye akajibu kwamba sakafu hata hivyo hupanguswa, na kwetu watoto alisema, "Siku ile ukweli nilikuwa nao, adabu niliiacha nyumbani."

Kazini walikutana kila siku, maana mjomba alianzia lango la chini akipanda, na marehemu, kwa kumpisha, alihamia lango la juu akishuka, na katikati yao kuna Uchochoro wa Mabega, ambao ni mwembamba kiasi kwamba watu wawili hawapishani. Kanuni ya waongozaji ni kwamba anayepanda ana haki ya kupita, kwa kuwa amechoka zaidi, isipokuwa yule anayeshuka akiwa ameingia kwanza, hapo anayepanda husubiri, lakini marehemu alirudi nyuma hata alipokuwa ametangulia, hata alipobakiza hatua chache atokee, akiwageuza wageni wake na kuwaambia, "Turudi kidogo, ukuta huu ni mzuri zaidi ukiutazama mara mbili." Wenzake walimcheka, muuza vitasa mwenye duka pale uchochoroni akamwambia, "Mama Mwavuli, utafika lini nyumbani kwa kinyumenyume?", akajibu kwamba hana haraka, mdogo wake anayemsubiri anatembea taratibu.

Julai 2022 alianza kuishiwa pumzi kwenye ngazi, akapimwa, ikaonekana moyo wake umepanuka, na madaktari wakamshauri aache milima, akaacha kazi mwezi uliofuata bila malalamiko, ila alilalamikia sana runinga, ambayo alisema inaongea huku inatembea. Mwaka uliofuata alipopata nafuu kidogo aliniomba nimsindikize, na Jumapili, tarehe 5 Novemba 2023, tulikwenda hadi lango la chini, bila mwavuli, akakata tiketi kwenye dirisha lake la zamani, akajipanga mstarini miongoni mwa wageni, kwenye kundi la mjomba.

Mjomba alipomwona alianza matembezi kama kawaida, ila taratibu kuliko kawaida, akisimama kila penye kibaraza, akisifia milango ambayo hakuwahi kuisifia, hata kijana mmoja wa kundi akanung'unika kwamba wataingia mjini kesho. Kila kituo mjomba alisimama upande wa jua. Tulipofika lango la juu, mgeni mmoja aliyewahi kusoma mahali fulani alinyoosha kidole juu, akauliza kama si hapo palipomwagwa mafuta, na kwa kuwa mama alikuwa karibu naye na anaonekana mtu wa hapa, alimgeukia yeye, na kundi zima likamgeukia yeye, likimsogelea. Marehemu alikuwa na jibu, sote tunajua alikuwa nalo, lakini alitikisa kichwa akasema, "Mimi leo ni mgeni kama ninyi, msikilizeni mwongozaji wenu, hakuna anayelijua lango hili kumzidi." Wakarudi kwake wote. Mjomba akatazama juu, akasema kwamba ni tundu la maji ya mvua, akaeleza mvua ya zamani ilivyokuwa ikiingia kwenye chumba cha walinzi na kuwalowesha wakiwa usingizini, akaieleza vizuri kiasi kwamba wageni walicheka kwa maji kuliko walivyowahi kucheka kwa mafuta, na mama akacheka hadi akaketi.

Tangu siku hiyo mjomba alikuja nyumbani karibu kila jioni, akakaa, akasimulia wageni wa siku, lakini bado hakumwita chochote, alianza sentensi zake katikati, "halafu", "sasa sikiliza", na alipoingia aliendelea kutusalimu kwa wingi, hata siku ambazo chumbani alikuwamo marehemu peke yake, na mama aliniambia nisiseme neno, mlango uliokaa muda mrefu bila kufunguliwa hausukumwi kwa bega. Tarehe 26 Februari 2024 alilazwa hospitalini, na juzi, Alhamisi, tarehe 14 Machi 2024, saa kumi na nusu alasiri, akiwa na umri wa miaka sitini na sita na siku chache, alifariki dunia kwa utulivu, bila maumivu, sisi sote tukiwepo. Tumelia, na tutalia tena, lakini nisiwafiche, familia hii pia imeshusha pumzi, kwa sababu hakuondoka na neno la mtu moyoni.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi wa wodi ya moyo, waliomwacha aweke kitanda chake dirishani ingawa utaratibu hauruhusu, tunawashukuru majirani waliopika, waliofagia na waliokesha, muuza vitasa aliyefunga duka kwa mara ya kwanza tunayoikumbuka, na waongozaji wote, ambao leo wamewaambia wageni kwamba mji umefungwa hadi kesho. Ambao sikuwataja mnisamehe, wema wenu tunao.

Pumzika, mama, ngazi zimekwisha, kaa sasa upande wa kivuli.

Na kituo cha mwisho ni hiki, kama mjomba alivyoniomba nikiweke. Juzi alitoka kazini mapema, akiwa bado na vumbi la mji kwenye viatu, akafika wodini kabla ya saa ya kuona wagonjwa, na muuguzi akamzuia mlangoni, akamwambia kwa upole kwamba saa hizi wanaingia ndugu wa karibu tu, akamuuliza yeye ni nani wa mgonjwa. Mimi nilikuwa kando ya kitanda, nikaona mama amefumbua macho na kuelekeza uso mlangoni, nikamwona mjomba akivua kofia, na juu ya bega la muuguzi, kwa sauti iliyosikika hadi kitanda cha mwisho, akasema, "Shikamoo, dada."