Baharia Asiyelala Nyumbani

Katika mashairi yote aliyokuwa akiyachambua chuoni, baharia hulilia nyumbani. Kwa hiyo mwanafunzi mmoja, treni ikiwa imeanza kuondoka, alikifunga kitabu chake pale mwanamke wa kiti cha mbele alipomwambia jirani yake wa kiti, "Mume wangu akiwa nyumbani hulilia bahari."

Jirani huyo, mzee aliyekuwa fundi wa mitambo melini, alitabasamu. "Usiku halali, sivyo?"

"Atalala wapi, mzee wangu? Anaipima sebule kwa hatua mpaka kunakucha. Leo anapanda meli tena, nami namfuata bandarini achague moja: mimi au maji. Kama ana mke mwenzangu huko, anionyeshe."

"Mwenzako ni injini, binti yangu. Kule tunalala katika ngurumo. Ikinyamaza tu, sote tunaruka kutoka vitandani, maana kimya ni hatari. Kwako kimya tele, na mwili wake unadhani meli imekufa."

"Basi ninunue jenereta nimlaze nayo!"

Behewa zima lilicheka. Mwanafunzi hakucheka; alijiuliza ni mshairi gani aliyewahi kushuka hadi chumba cha injini.

"Mvumilie," mzee alisihi. "Atazoea."

"Nimevumilia hadi nimekonda. Wewe uliacha bahari zamani?"

"Zamani sana."

"Na sasa unalala?"

Mzee aligeukia dirishani. Treni ikasimama kituo cha bandari, milango ikafunguka, abiria wakasukumana kushuka. Mwanamke aliyekuja kuiwahi meli hakuinuka. Alikuwa bado anasubiri jibu.