Chupa, Aliyenakili Hata Mhuri

Ninyi mnaonong'ona huko nyuma, na wewe uliyekunja uso kabla karatasi haijafunguliwa, nyamazeni kwanza, maana yatakayosomwa hapa yana tarehe, na chenye tarehe hakibishiwi kwa kutikisa kichwa. Mwenye shaka aje baadaye aone karatasi zenyewe, ila anawe mikono.

Marehemu, ambaye wengi wenu hamkumjua kwa jina jingine ila Chupa, alizaliwa Jumanne, tarehe 9 Juni 1953, mtoto wa mwisho wa fundi viatu na mkewe, katika chumba cha nyuma ya kibanda cha viatu, na aliyembeba mgongoni ni dada yake mkubwa, ambaye ndiye anayesoma haya, na ambaye mwanzoni hakumpenda kwa sababu alilia mno.

Alianza shule Januari 1961, akamaliza darasa la saba mwaka 1967, akaingia sekondari, akaachia kidato cha pili mwaka 1969 baba yao alipofariki, na tarehe 3 Februari 1972 akaajiriwa kuosha vyombo vya maabara katika shule ya sekondari ambako dada yake alikuwa mpishi, ndipo jina la Chupa likamnata, na huko akaanza kuuliza kwa nini maji ya chokaa yakipulizwa kwa mrija hugeuka kama maziwa, swali ambalo mwalimu alilijibu kwa kumwambia, wewe osha.

Tarehe 20 Desemba 1980 alifunga ndoa na mshonaji, yule pale, mwenye subira kuliko sindano yake, wakajaliwa mabinti wawili, wa kwanza mwaka 1982, ambaye leo ni mfamasia, na wa pili mwaka 1985.

Kemia aliifuata kwa mlango wa mbele, maana vitabu vya shule vilikuwa vya wanafunzi na hakuvigusa ila kuvipangusa vumbi, akaenda maktaba ya mji, akakuta kitabu kikubwa cha kemia kisichoruhusiwa kutoka chumba cha kusomea, akawaandikia wachapishaji kuomba akinakili kwa mkono ajifunze, nao wakajibu tarehe 17 Mei 1981 kwamba wanamruhusu, mradi asiuze nakala, na tangu hapo kila Jumamosi alikuwa mezani na kalamu, mpaka Julai 1984, madaftari kumi na manne.

Dada yake hakuamini, kwani nani amewahi kuona mtu mzima akiomba ruhusa ya kusoma, akasema moyoni hapa kuna mwanamke au kuna wizi, na Jumamosi ya tarehe 6 Novemba 1982 akamfuata, akajificha nyuma ya gazeti, akamwona akinawa mikono, akipokea kitabu, akinakili neno kwa neno, makosa ya chapa na namba za kurasa humo humo, na alipofika penye mhuri wa maktaba akauchora nao, duara na maandishi yake, kwa wino wa zambarau, kwa sababu barua ilimruhusu kukinakili kitabu, na mhuri ulikuwa ndani ya kitabu.

Mhuri huo ndio uliomponza, kwani tarehe 13 Agosti 1984 kitabu kama hicho, cha shule, kilionekana kimepotea, mkuu wa shule akaenda kumpekua nyumbani, akakuta madaftari, akasema mtu hanakili asichonacho, na huu mhuri je, Chupa, siku hizi unatengeneza mihuri, na alipooneshwa barua akasema barua hata paka wangu anaweza kuipiga chapa. Kisha akamwita mpishi, akamuuliza, mama, wewe ni dada yake, umewahi kumwona akinakili maktaba, na mpishi, aliyeona kwa macho yake mawili na kuipenda kazi yake kwa mikono yote miwili, akatazama sufuria akajibu, mimi najua maharage.

Chupa alimtazama mara moja tu, kisha akatolewa maabara, akapewa panga, akafyeka nyasi za shule miaka mitatu, akisoma madaftari yake kivulini, na Novemba 1987 akafanya mtihani kama mtahiniwa wa kujitegemea, akafaulu, akawa fundi wa maabara hadi alipostaafu mwaka 2013, lakini jina la mwizi halikustaafu, na humu ndani wapo waliokuwa wakimuuliza kila akiwatembelea, Chupa, leo mfuko umekuja mtupu?

Sasa sikilizeni, tarehe 5 Aprili 1991 wapaka rangi walisogeza kabati la mkuu wa shule, kitabu kikaanguka kutoka nyuma yake, mkuu akakisunda ndani ya koti, kadi ya kuazimia ikadondoka, na mpishi aliyeleta chai akaikanyaga, akaiokota, akasoma saini ya mkuu mwenyewe, tarehe 2 Julai 1984, akaitia kwenye kopo la chumvi, akanyamaza miaka thelathini na mitatu. Kikulacho ki nguoni mwako, na nguo hiyo ilikuwa aproni ya dada yake.

Marehemu alianza kuugua figo mwaka 2022, akalazwa Februari 2024, na bintiye alipotaka kumpakulia vitabu vya kemia kwenye simu, mgonjwa aliuliza, mwandishi mwenyewe karuhusu, mpaka akatafutiwa kile ambacho mwandishi wake alikitoa bure kwa watu wote, akakisoma hadi sura ya sita, na tarehe 9 Machi dada yake alipomweleza habari ya kadi, alisema, nilikuona siku ile maktaba, dada, gazeti lako lilikuwa la mwezi uliopita, na kadi ya kitabu haikai kwa mtu, irudishe. Akafariki tarehe 11 Machi 2024, saa mbili asubuhi.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi, majirani, hata waliokuja kuhesabu vitabu vyake kwa macho, na wafanyakazi wenzake wa maabara. Mkuu wa shule mstaafu, aliyeketi mstari wa pili, asisimame kutoa rambirambi.

Kadi ni hii, na shule iko mtaa wa pili, ofisi hufungwa saa kumi, kwa hiyo dada yake hatangoja maswali, atakwenda kuikabidhi na kusema hadharani alichokiona, akianza na maharage yake.

Tulia sasa, Chupa, umekwisha kuoshwa.

Dada yake anakunja karatasi hii, anatoka, na mlango anaufunga mwenyewe.