Numbi na Mama Karton

Wapendwa mliokuja kulia pamoja nasi hapa Katuba, familia inawaomba usikivu, kwa sababu maisha ya kaka yetu Numbi Kunda si rahisi kuyapanga kwenye karatasi, na yeye mwenyewe hakutusaidia.

Alizaliwa Kipushi tarehe 14 Machi 1938, mtoto wa tatu wa baba Kunda, mfanyakazi wa mgodi, na mama Léonie, akabatizwa Godefroid, akasoma kwa mapadri toka 1945 hadi 1952, na mwaka 1956 akaajiriwa hapa mjini katika duka kubwa la nguo, kazi yake kupamba vitrine, yale madirisha makubwa ya kioo, na kuvalisha masanamu nguo za kuuzwa. Tarehe 5 Agosti 1961 alimuoa Wivine Mukuka, wakajaliwa watoto watano, na kwa miaka kumi na mitatu Wivine alikuwa na bwana mmoja tu nyumbani.

Mwaka 1972 serikali ilituambia sote tuache majina ya ubatizo, na mwisho wa 1974 duka, ambalo serikali ilikwisha kumpa mwenyewe mpya, likabaki tupu. Wenzake walitafuta kazi nyingine. Numbi alikusanya karton, yaani maboksi matupu za redio na sabuni ya Ulaya, akavaa kitenge na perruque ya nywele za bandia, akasimama ndani ya vitrine kama Mama Karton, tajiri aliyenunua kila kitu, kisha akatembea soko la Kenya, mtaa wa hapa mjini, akionyesha mali yake, na watu wakamwonea wivu, hata wale waliochungulia wakaona hamna kitu. Baadaye Numbi akageuka Docteur Frigo, aliyetibu friji zisizokuwepo, na Citoyen Mupya, yaani raia mpya, aliyebadili jina kila saa. Wivine aliuza mikate, akawalea watoto, akauliza maana yake mara nyingi, akajibiwa mara moja tu: "Bantu banapenda karton kupita kitu iko mu ndani."

Juni 1977 Citoyen Mupya alikamatwa na polisi mbele ya mstari wa watu waliongoja unga, akaulizwa jina, akatoa saba, akafungwa siku nne. Wivine alikwenda huko gerezani kwa miguu, mtoto mgongoni, na Numbi akamsalimu kama mgeni. Wivine akamwambia mkubwa wa pale: "Ni bwana yangu Numbi. Nimechoka naye, lakini munirudishie." Hapo Numbi aliinama, akataja jina lake, wakamwachilia. Wiki iliyofuata Mama Karton alikuwa sokoni.

Januari 1984 alianza kuugua kifua, akalazwa Machi, akafariki Alhamisi tarehe 3 Mei, saa nne ya asubuhi, Wivine akiwa amemshika miguu.

Tangu siku hiyo watu wanafika wakiuliza matanga ya Mama Karton ni wapi, wamama wa sokoni wanamlilia kama dada yao, wengine wanamtaja Docteur Frigo, na Wivine, aliyemfukuza Mama Karton na wenzake nyumbani miaka kumi, alieleza kwamba aliyekufa ni Numbi mpaka akachoka, akaongeza viti, akasema: "Ni hapa, muingie."

Tunawashukuru waganga na masista wa hospitali, majirani wa avenue yetu, barabara hii tunayokaa, na wafanyakazi wa zamani wa duka.

Numbi, wewe na wote uliotuletea, mpumzike kwa amani, na mmuache Wivine naye apumzike.