Kilichomng'ata Randa

Benchi letu ni ubao mmoja mrefu uliolazwa juu ya matofali, mkabala na geti la hospitali, na mimi ndiye ninayemimina kahawa hapo. Siku hiyo nafasi ya Randa ilikuwa wazi na hakuna aliyeikalia. Randa ni seremala wa karakana ya mbao iliyo nyuma ya hospitali. Alfajiri wenzake wa karakana walimkuta kwenye kichochoro cha kwendea huko amejikunja, kashika tumbo kwa mikono miwili, amelowa damu mpaka viatuni. Alikuwa ameng'atwa. Kilichomng'ata hakuna aliyekiona.

Mchana akatoka Bi Rekodi, karani wa hospitali ambaye kazi yake ni kuupa kila ugonjwa msimbo wake kwenye kompyuta. Siku nyingine hututania kwamba hata uvivu wetu una namba. Siku hiyo alipokea kikombe, hakunywa. Akatuambia Randa ametoka kupasuliwa, bado hajazinduka vizuri.

— Jeraha la kung'atwa tumboni lina msimbo wake, akasema. Likiishia kwenye ngozi na nyama, ni mmoja. Likipenya mpaka ndani, ni mwingine. Nimeandika huo wa ndani, maana jino lilifika kwenye utumbo. Limebaki moja tu, kang'atwa na nini.

— Andika mbwa, akasema Mzee Breki, dereva mstaafu ambaye hajawahi kukosa jibu.

Bi Rekodi akasema laiti ingekuwa rahisi hivyo. Sindano za kichaa cha mbwa Randa alishaanza kuchomwa, kwa tahadhari. Lakini akiandika mbwa, watakuja watu wa kukamata mbwa, wamsake mbwa, wasimpate, waondoke. Akiandika haijulikani, hatakuja mtu.

— Na mbwa gani huyo hata habweki? akauliza Kinyozi, mwenzetu mwingine wa benchi. Mimi nalala jirani na kichochoro. Sikusikia kitu.

— Kimya kingi kina mshindo mkuu, akasema Mzee Breki.

Bi Rekodi akatikisa kichwa. Daktari alikuwa amepima kwa rula nafasi kati ya jino na jino. Ameshona wengi walioumwa na mbwa, na kinywa kipana namna ile hajapata kukiona.

Nilikuwa namimina, kahawa ikafurika mpaka kwenye kisahani. Mzee Breki akahama kutoka mbwa akaenda kwa nguruwe pori, kutoka nguruwe akafika kwa fisi, fisi aliyezoea watu, akasema, anayejua saa za watu kwenda kazini. Asiyesikia la mkuu huvunjika guu, akamalizia. Kinyozi akamkumbusha kwamba miguu ya Randa ni mizima. Siku nyingine tungecheka.

Kisha Kinyozi akashusha sauti.

— Bi Rekodi, kuna msimbo wa mtu kumng'ata mtu?

— Upo.

— Basi. Kikulacho ki nguoni mwako.

— Mtu hana kinywa cha upana huo, nikasema.

— Akiwa mtu kamili, hana.

Macho yalituenda yenyewe kwenye mdomo wa kile kichochoro. Watoto wetu hupita pale wakitoka shule, na binti yangu ni mmoja wao. Bi Rekodi akasema basi ataandika mnyama asiyejulikana, halafu akakiri kwamba mkono unakataa. Ukishaandika hivyo, alisema, ni kama umekiruhusu kiendelee kutembea.

Ndipo akatoka getini mama mmoja, begi begani. Hatukumjua, ila paji la uso lilikuwa la Randa. Alikuwa dada yake mkubwa, ameshuka kwenye basi mchana huohuo. Tukampa pole, nikampisha akae. Akasema Randa amefumbua macho kidogo.

Bi Rekodi akamuuliza kama amesema ni kitu gani.

— Hilo hakusema, mwanangu. Ameniuliza kama mwenzake amefika salama. Nikamwambia amefika, ili atulie. Akalala tena.

Akatutazama mmoja mmoja.

— Kwani alikuwa na nani?

Tukajihesabu. Mzee Breki alfajiri ile alikuwa kitandani. Mimi nilikuwa nachemsha maji, na Kinyozi alikuwa hata hajaamka. Wa karakana wote walikuwa wamekuja hospitali kumchangia Randa damu, na Bi Rekodi aliwaona, hakupungua hata mmoja. Waliomwokota walimkuta peke yake.

Mzee Breki ndiye aliyeinuka kwanza, bila methali. Nikazima jiko, nikachukua chuma cha kuchochea makaa. Tukaingia kichochoroni tumebanana, tukapita pale palipomwagiwa vumbi la mbao kufunika damu, tukafika mwisho, penye majani marefu. Yalikuwa yamelala upande mmoja, kama yaliyoburuziwa kitu.

Tulitaka kuita. Hatukujua tuite jina gani.