Historia ya Marehemu Orikasa Tamiyo, Mwenye Bunduki wa Kijiji cha Nezawa

Mheshimiwa mtawa, wazee wa Nezawa, majirani na ndugu zetu mliofika leo licha ya theluji hii, familia imenikabidhi mimi, Sasamori Kunio, mdogo wake marehemu, kazi ya kuwasomea habari za maisha yake, na kwa kuwa yeye mwenyewe hakuwa mtu wa kukaa kitako akisikiliza hotuba, nitajitahidi nisiwachoshe.

Marehemu Orikasa Tamiyo alizaliwa tarehe 14 Machi 1948 hapa hapa Nezawa, mkoani Iwate, akiwa mtoto wa pili kati ya watano wa mzee Sasamori na mkewe, wachoma mkaa, na mama yetu alikuwa akisema kwamba mtoto huyu alitembea kabla ya kutambaa, na kwamba tangu siku hiyo hakuna aliyemkamata.

Alisoma shule ya msingi ya Nezawa, kisha shule ya kati ya bondeni, aliyoimaliza mwezi Machi 1963, na wiki mbili baadaye, akiwa na miaka kumi na mitano, alipanda treni maalumu ya vijana waliomaliza shule, akaenda kufanya kazi katika kiwanda cha nyuzi mkoani Aichi. Huko alidumu miaka sita, akihama kutoka mashine hadi mashine kwa sababu wasimamizi walichoka kumkuta dirishani, akarudi nyumbani mwaka 1969 na kujifunza ushonaji.

Tarehe 3 Novemba 1971 alifunga ndoa na Bwana Orikasa Eikichi, mkulima wa mpunga na mwindaji, ambaye yuko nasi hapa mbele, na Mungu na mababu waliwajalia watoto wawili, Nobuhiko, aliyezaliwa mwaka 1973, na Setsuko, aliyezaliwa mwaka 1976.

Shemeji yetu Eikichi alipata leseni ya bunduki ya marisau mwaka 1974, na ndipo kasha la chuma la kufungia bunduki lilipoingia katika nyumba ile, likafungwa kwa misumari kwenye nguzo ya chumba cha nyuma. Ninyi mnaijua sheria, kwamba mwenye leseni peke yake ndiye anayepaswa kujua ufunguo ulipo, hata mke asiambiwe, basi dada yetu aliishi miaka ishirini na mitano akipiga deki kulizunguka kasha asiloweza kulifungua. Aliwahi kuniambia, "Kunio, nalala na mgeni asiyevua viatu." Na kila leseni ilipotakiwa kuhuishwa, afande alikuja mlangoni kumuuliza mke maswali yale yale, kama mume anakunywa, kama kuna ugomvi, kama ana usingizi mzuri, na kila mara marehemu alijibu, "Hakuna neno, afande, karibu chai."

Majira ya baridi ya mwaka 1996, mwenzake Eikichi katika uwindaji aliteleza kwenye genge la mto akafa mbele ya macho yake, na baada ya hapo shemeji akaingia kwenye pombe, akawa mtu wa kunyamaza mchana kutwa na kupiga kelele jioni. Tarehe 12 Januari 1999, wakati wa chakula, aliipiga teke meza, akaenda chumba cha nyuma, akakaa mbele ya kasha akiwa ameshika ufunguo, na akasema maneno ambayo familia, kwa ridhaa yake mwenyewe, imeamua yasisomwe. Marehemu alikaa naye pale, goti kwa goti, hadi alipourudisha ufunguo mfukoni.

Tarehe 9 Februari mwaka huo huo afande Obara alikuja kwa ajili ya leseni, akauliza maswali yake, na dada yetu akatoka nje na ndara kwenye theluji, akauvuta mlango nyuma yake.

"Afande, usimpe."

"Unasemaje, mama?"

"Nasema usimpe. Andika hivyo hivyo nilivyosema, na jina langu uliandike."

Leseni haikuhuishwa, bunduki mbili zikaondoka na gari la polisi, Eikichi mwenyewe akizibeba hadi barabarani kijiji kizima kikitazama, na kuanzia siku ile hakumsemesha mkewe mpaka mpunga ulipopandikizwa. Binti yake Setsuko alimpigia simu kutoka Sendai akilia, akisema, "Mama, umemvua baba nguo hadharani," naye akajibu, "Ndiyo. Bado yu hai lakini," akakata simu, akatoka kutembea, na alitembea mpaka nyumbani kwangu, nje ya kijiji, kilomita kumi na moja.

Kilichomtesa zaidi kilikuja na kulungu. Bunduki za Eikichi ndizo zilizokuwa zikilinda upande wa juu wa kijiji, na zilipoondoka, kulungu walishuka wakala maharage ya soya na miche, na kiangazi cha mwaka 2000, katika mkutano wa kijiji, Bwana Hatakeyama, jirani yake wa ukuta kwa ukuta, aliyekuwa amepoteza shamba zima, alisimama akasema, "Aliyekinyang'anya kijiji bunduki aje alinde yeye!" Watu wakacheka. Marehemu, aliyekuwa akigawa chai, aliweka birika chini akajibu, "Haya, nitakuja."

Walidhani ni hasira. Akiwa na miaka hamsini na miwili alikaa darasani siku nzima na vijana wanaoomba leseni ya bunduki, akafanya mtihani wa maandishi, akaanguka, akaurudia, akashinda, akapeleka cheti cha daktari wa akili, na mwaka 2001 maombi yake yakakataliwa, kwa sababu sheria haimtazami mwombaji peke yake, inaitazama nyumba nzima, na katika nyumba ile alikuwamo mtu aliyenyimwa. Afande Obara alilieleza hilo kwa upole, sebuleni, Eikichi akisikia kila neno. Mwezi Novemba shemeji alifunga begi bila kuambiwa na mtu, akaenda hospitali moja ya Morioka, akakaa miezi mitatu, na tangu alipotoka hajaonja tone la pombe.

Dada yetu aliomba tena mwaka 2005. Safari hii polisi walimuuliza Bwana Hatakeyama kama mama huyu ana hasira, naye akasema, "Anazo, tena nyingi. Lakini zinatokea mdomoni, hazifiki mkononi." Kisha wakamuuliza mumewe. Shemeji akasema, "Hatulii. Hata akikaa, miguu inatembea. Ila uongo hausemi, na mimi ndiye ninayejua uchungu wa ukweli wake." Leseni ilitoka tarehe 20 Juni 2005.

Kwa miaka kumi na saba alipanda milima hii kila majira ya baridi, na hakuna shamba la Nezawa ambalo hakulizungukia. Nyama aligawa, usingizi hakuupata, maana kila alipoua kulungu alitembeatembea nyumbani siku mbili bila kuweza kula. Mwaka 2011 ganda moja la risasi lilimpotea kwenye theluji, na kwa kuwa sheria inataka kila ganda lihesabiwe, akalitafuta kwa chekeche la jikoni kuanzia asubuhi hadi saa tisa, na alipolikosa alipiga simu polisi mwenyewe kujishtaki, na maafande wawili wakaja kuchekecha theluji pamoja naye mpaka likaonekana.

Mwezi Oktoba 2022 alitambua kwamba kidole chake kinachelewa kumtii, akairudisha leseni kabla hajaulizwa, na bunduki ikauzwa. Mwezi Mei 2023 aligundulika kuwa na saratani ya kongosho, akalazwa mjini mara nne, na wauguzi watakumbuka jinsi alivyosukuma stendi ya dripu korido nzima huku na huku, akikataa kurudi kitandani. Alifariki tarehe 2 Februari 2024, saa kumi na mbili na dakika arobaini asubuhi, akiwa na umri wa miaka sabini na mitano, ameacha mume, watoto wawili na wajukuu watatu.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliomvumilia, maafande wa kituo chetu, wawindaji wenzake waliolibeba jeneza, na Bwana Hatakeyama, aliyetusafishia theluji njia nzima alfajiri ya leo bila kuombwa.

Kabla mtawa hajaanza sala, shemeji Eikichi ameandika maneno nyuma ya karatasi hii, akaniomba niyasome kama yalivyo: "Mwaka 1999, siku bunduki zilipochukuliwa, nilimwambia Tamiyo kwamba ameniua. Hakunijibu, nami miaka ishirini na mitano sikuyafuta maneno hayo. Wanakijiji, alikuwa ameniokoa. Naomba yafutwe leo, mbele yenu."

Yamefutwa. Dada, sasa keti. Pumzika kwa amani.