Dakika ya Mzee Kimya

Baada ya miaka thelathini na miwili ya kutuchelewesha, fundi wetu wa sauti, Mzee Kimya, anastaafu rasmi tarehe 30 mwezi huu. Uongozi umefarijika kiasi cha kuagiza keki mbili.

Kwa wageni: kitengo chetu hutengeneza filamu za kumbukumbu za watu waliofungwa na kuteswa enzi ambazo wakubwa huziita "kipindi kigumu", utadhani mvua ilikosekana. Kazi ya Mzee Kimya ilikuwa kushika maikrofoni. Kazi aliyojipa mwenyewe ilikuwa kutunyamazisha. Mahojiano yakiisha, matumbo yananguruma na dereva anapiga honi, yeye hututaka tukae kimya dakika nzima anase sauti ya chumba chenyewe: feni, friji, bati likitanuka kwa jua. Mhariri huitumia kuziba mapengo. Mhariri ndiye mimi, na ilinifaa sana, lakini ukimsifu Mzee Kimya humalizi naye leo.

Balaa lilitukuta kwa Bibi mmoja fundi cherehani. Mkurugenzi wetu, mtu maarufu kwa subira asiyokuwa nayo, alimhoji asubuhi nzima kuhusu jela. Bibi alijibu kila swali kwamba hakumbuki. Kamera ikazimwa. Mzee Kimya akadai dakika yake. Tukakaa. Hapo Bibi, akijua kazi imekwisha, akaanza kusema taratibu, macho kwenye cherehani. Akamtaja mwenzake aliyejifungua mle ndani, akaitwa nje, asirudi. Kichanga kikabaki mikononi mwa Bibi, akatoka nacho jela, akakilea. Ndiye binti yake, ambaye saa ile alikuwa kazini kwake, hajui lolote. Tulilia sote, hata dereva.

Mkurugenzi alifuta machozi haraka akatangaza kwamba filamu imepata moyo. Mzee Kimya akachomoa kadi iliyonasa sauti ile, akaitia mfukoni. Akasema Bibi alidhani tumezima, na kwamba mtoto wa watu hawezi kuambiwa habari ya mama yake na filamu. Akaonywa, akatishiwa kufukuzwa. Wapi! Sikio la kufa halisikii dawa. Filamu ilitoka bila Bibi, ikapigiwa makofi mazuri na watu waliokuwa wakingoja soda.

Tangu hapo Mzee wetu akawa mteja mwaminifu wa Bibi, akipeleka suruali zisizo na kasoro zikapunguzwe. Kadi aliitaja siku ya kwanza tu, kwamba ipo na ni mali ya Bibi. Baadaye walizungumzia suruali. Miaka ikapita, na sisi tukaendelea kumcheka kwa kuvaa suruali fupi.

Wiki iliyopita Bibi alikuja ofisini na binti yake. Mzee Kimya akaitoa ile kadi; Bibi akavaa vipokea sauti masikioni, akasikiliza peke yake mpaka mwisho. Kisha akavivua, akamvisha binti, akamshika mkono. Binti alipofika kwenye jina la mwanamke aliyemzaa, akaomba arudishiwe nyuma. Mzee Kimya akarudisha. Akaomba tena, naye akarudisha tena, na Mkurugenzi mwenyewe akatufungia mlango tusisumbue.

Asante kwa ukaidi wako, Mzee wetu. Uende na afya, usingizi mnono na watu wa kuzungumza nao. Jina lile sasa lina mtu wa kuliita mama.