Mama Mikia Avua Glavu

Baada ya miaka thelathini na mmoja na miezi mitano ya utumishi, fundi mkuu wa maabara ya vinasaba, Chumba Namba Sita, anastaafu rasmi tarehe 30 Juni. Jina lake kamili lipo kwenye barua ya utawala, na kwa kuwa hakuna aliyewahi kulitumia, hapa tutamwita kama anavyoitwa na wote, kuanzia mlinzi wa geti hadi profesa: Mama Mikia. Jarida limeniomba niandike mimi kwa sababu meza yangu imetazamana na yake kwa miaka kumi na tisa, na kwa sababu wengine wote walioombwa waliingia mitini.

Kwa wenzetu wa idara nyingine, ambao hupita mbele ya mlango wetu wameziba pua, nieleze kidogo tunachofanya. Mtafiti akitaka kujua kama panya fulani amerithi jeni anayoichunguza, panya hana kitambulisho cha kuonyesha. Inabidi uulizwe mwili wake. Mtunza panya hukata ncha ya mkia, kipande kidogo kuliko punje ya mchele, akakileta ndani ya kichupa. Mama Mikia hukitia dawa ya kuyeyusha nyama na kukiacha kwenye joto hadi kesho yake. Asubuhi mkia umeshageuka mchuzi. Mchuzi huo huzungushwa kwa kasi kwenye mashine mpaka makapi yatue chini. Maji ya juu huhamishiwa kichupa kingine na kutiwa spiriti. Hapo, ukiwa na macho mazuri na subira, unaona uzi mweupe unajisokota kama ute wa yai. Hiyo ndiyo DNA inayosemwa kwenye redio. Uzi huoshwa, huyeyushwa kwenye maji safi, ukapimwa.

Kazi hiyo ameifanya kwa mikia zaidi ya laki moja na elfu thelathini. Tumepiga hesabu: vipande vyote vikiungwa, vinatoka mlangoni kwetu, vinapita getini, na mlinzi anapata wasiwasi.

Hakuja hapa kutafuta mikia. Alikuja kwa mkataba wa miezi mitatu kuosha chupa. Fundi wa wakati ule, mzee mmoja ambaye mikono yake ilikuwa imeanza kutetemeka, alimwomba amshikie kichupa kimoja. Mwezi wa pili vichupa vyote vilikuwa mikononi mwake na mzee amebaki kusoma gazeti. Stashahada yake aliisomea jioni, binti yake wa kwanza akiwa amelala kwenye boksi la glavu kando ya mashine. Binti huyo sasa ni daktari wa meno, na mpaka leo mashine yoyote ikianza kuvuma anapiga miayo, jambo ambalo wagonjwa wake hawalipendi.

Mama mkwe wake, alipoelezwa mara ya kwanza kwamba mke wa mwanawe anaondoka nyumbani kila asubuhi kwenda kuyeyusha mikia ya panya, aliuliza kwa upole: "Na wakubwa zake wanajua?"

Sasa niseme siri ambayo nimekatazwa kuisema. Mama Mikia anaogopa panya. Si kidogo. Katika miaka yote hii hajawahi kukanyaga banda la panya. Sampuli zake hupitishwa kidirishani, na yeye huzipokea uso ukiwa umegeukia ukutani. Siku moja panya mmoja mweupe alitoroka, akapita chini ya mlango wetu na kusimama katikati ya chumba, akijipangusa masharubu. Nilipogeuka, Mama Mikia alikuwa juu ya stuli, trei ya vichupa tisini na sita mkononi, hakuna hata kimoja kilichomwagika. "Mtoeni!" alipiga kelele. "Huyu bado mzima!" Mtunza panya alimchukua kwa kikombe cha chai. Kikombe kilikuwa changu.

Ana mengine. Hataki mtu aimbe akiwa anapima, ila yeye anaruhusiwa. Aliwahi kuiandikia idara ya ununuzi barua kumi na nne kuhusu kiti kibovu, na ya kumi na tano akaituma pamoja na kiti chenyewe. Wageni wanaokuja kukagua maabara na viatu vya kung'aa huwafunika viatu hivyo kwa mifuko ya plastiki, waziri au si waziri.

Lakini nisingekaa kuandika kwa ajili ya vichekesho tu. Miaka tisa iliyopita lilitokea jambo ambalo wengi wenu mmelisikia nusunusu, na wengine mmeliongezea chumvi. Nilikuwepo.

Profesa wetu alikuwa anajaribu dawa ya ugonjwa wa kurithi unaolegeza misuli ya watoto. Panya wenye jeni yenye kasoro walipewa dawa, kisha wakawekwa kwenye gurudumu wakimbie. Wakakimbia! Profesa akawa anasalimia kila mtu kwenye korido, hata mimi. Jumatatu iliyofuata alikuwa anakwenda kutangaza matokeo kwenye mkutano mkubwa, na tai mpya ilikuwa imeshanunuliwa.

Jumatano, Mama Mikia alikuwa anamalizia kundi la mwisho la vipimo. Katika kila kundi kuna kichupa cha mtego: hakina mkia, kina maji matupu, na lazima kitoe jibu tupu. Siku hiyo kikatoa mstari unaoonyesha jeni yenye kasoro. Akafuta miwani, akaangalia tena.

"Mdogo wangu, hebu njoo," akaniita. "Maji yana panya."

Nilimwambia amechoka tu, arudie. Yeye alianza kupima chupa moja baada ya nyingine, na kesho yake mchana akaipata. Ilikuwa chupa ya maji anayoyeyushia ule uzi mweupe. Wakati fulani ncha ya pipeti, kifaa cha kunyonyea matone, iliyokwisha kutumika ilichovywa humo, na tone lisiloonekana likachafua chupa nzima. Kichupa cha mtego siku zote kilijazwa kutoka chupa nyingine, ndiyo maana hakikusema kitu. Siku hiyo chupa hiyo nyingine ilikuwa imekwisha, kikajazwa kutoka hii. Chupa iliyochafuka ilikuwa wazi tangu miezi minne nyuma. Na hakuna aliyeruhusiwa kuigusa isipokuwa yeye.

Maana yake tuliiona wote wawili papo hapo. Baadhi ya panya walioandikwa wagonjwa hawakuwa wagonjwa. Hawakuponywa na dawa. Walikuwa wanakimbia kwa sababu ni wazima.

Sitajipamba hapa. Mimi ndiye niliyesema: "Dada, imwage hiyo, fungua nyingine, rudia kichupa kimoja. Nani atauliza?"

Aliniangalia bila hasira, na hilo ndilo lililoniuma. "Watoto watakaopewa hii dawa," akasema, "watakimbia kwa miguu ya nani?"

Akavua koti, akachukua chupa yake, akapanda ngazi hadi ofisi ya Profesa. Nilimfuata, eti nimfungulie mlango. Alisimama mbele ya meza, akaweka chupa juu ya karatasi za hotuba.

"Profesa, kosa ni langu. Maji yangu yalichafuka. Panya wako wengine ni wazima, sijui wangapi."

Profesa akapiga kelele mpaka katibu wake akafunga dirisha. "Miaka miwili, mama! Miaka miwili!"

"Najua. Vipande vya mikia vilivyobaki viko kwenye friza. Nipe siku kumi nivirudie vyote."

"Nitakusimamisha kazi!"

"Nisimamishe siku ya kumi na moja. Hakuna mwingine anayejua vilipo."

Mikia ilikuwa mia mbili na kumi na miwili. Aliirudia yote, mkia kwa mkia, kwa chupa mpya, na safari hii kila kundi likiwa na vichupa vinne vya mtego. Mume wake, fundi cherehani, alimletea chakula getini kila mchana na kuondoka bila kuuliza lolote. Siku ya tisa jibu lilitoka: panya themanini na watatu hawakuwa na kasoro yoyote. Kati ya waliobaki dawa ilisaidia kidogo, na iliwasaidia wale tu walioanza kuipata wakiwa wachanga.

Profesa hakwenda kwenye mkutano. Mama Mikia alipewa barua ya onyo, akaitia fremu na kuitundika juu ya sinki, mahali ambapo kila anayenawa mikono lazima aisome. Mwaka uliofuata Profesa alitangaza matokeo madogo, ya kweli, na watafiti wa mbali walioyarudia wakapata yaleyale. Leo dawa hiyo inajaribiwa kwa watoto wachanga. Tangu wakati huo ripoti ya Profesa haitoki nje bila sahihi ya Mama Mikia. Profesa mwenyewe husema, "Yule mama alinivua tai shingoni," na hulisema akicheka, kwa kuwa sasa anaweza.

Mwaka jana utawala ulisema nafasi yake haitajazwa, mashine ingetosha. Walipomuuliza anataka zawadi gani ya kuagwa, wakapendekeza saa ya ukutani, akajibu, "Saa ninayo. Nileteeni mtu." Akagoma kusaini fomu za kustaafu mpaka mtu huyo aje. Walijua habari za kiti. Mtu akaajiriwa.

Mrithi wake ni mama wa watoto wawili, mpole wa sauti, aliyetoka maabara ya hospitali. Kwa wiki sita Mama Mikia amemfundisha kila kitu, na zaidi ya yote amri yake kuu: kichupa ambacho maandishi yake hayasomeki hakipokelewi, hata kikiletwa na nani. Jumanne iliyopita Mama Mikia aliweka mezani kwa mrithi trei ya vichupa alivyoviandika mwenyewe. Mwenzetu mpya akavipitia vichupa, akatoa kimoja, akakirudisha.

"Samahani, mama. Hii ni moja au saba?"

Mama Mikia alikichukua kichupa, akakisogeza kwenye taa, akakisogeza mbali, akavua miwani, akaivaa tena. "Hata mimi sijui," akasema. Akakitupa kwenye pipa la taka, akaenda kidirishani kuomba kipande kingine, kisha akatoka koridoni. Nilipomfuata nilimkuta ameegemea ukuta, anacheka huku machozi yanamtoka. "Sasa naweza kwenda," akaniambia.

Asante, dada, kwa kila mkia, na kwa ile chupa uliyopanda nayo ngazi. Tunakuombea siku ndefu, magoti yasiyolalamika, na asubuhi tulivu ambazo mchuzi ni mchuzi tu.